Kushinda Kesi Si Kulipwa

Hapana mfanyakazi anayekwenda mahakamani kwa kutafuta sifa ya kushinda. Huenda kwa sababu amefanya kazi, mwezi umekwisha, na kilicho haki yake hakikutiwa mkononi mwake. Ameomba kwa upole, hakusikilizwa. Ameandika barua, hakujibiwa. Umeitishwa usuluhishi, mwajiri hakutokea. Mwisho amesimama mbele ya sheria, na sheria imempa haki yake. Siku hiyo jamaa humpongeza, na jirani humwuliza atazifanyia nini fedha zake. Lakini fedha hazipo. Alichonacho ni karatasi yenye muhuri.

Katika safu hii leo tunataka kulizungumza jambo hilo kwa uwazi, tukiwaelekea wananchi wa Unguja na Pemba pamoja na maofisa waliokabidhiwa dhamana ya kusimamia kazi na haki. Msimamo wetu ni huu: hukumu ya mshahara isiyotekelezwa haijatimia, na safari ya kuitekeleza ni safari ya pili, yenye njia zake, gharama zake na hila zake. Mfanyakazi asipoijua safari hiyo, atashinda na kubaki mikono mitupu. Serikali isipoisimamia, mwajiri mwovu atajifunza kwamba kushindwa kesi hakumpunguzii kitu.

SHERIA SI HABA

Visiwa hivi si vigeni kwa madai ya ujira. Mwaka 1948 makuli wa bandari ya Unguja waliacha kazi, na mgomo wao ukaenea mjini hata ukawa mgomo mkuu, kwa sababu ujira haukulingana na ughali wa maisha. Katika siku hizo za ukoloni milango ya sheria ambayo mnyonge angeweza kuibisha ilikuwa michache.

Leo milango ipo. Kazi si miongoni mwa mambo ya Muungano, na kwa hivyo Zanzibar inazo sheria zake. Baraza la Wawakilishi lilitunga Sheria ya Mahusiano Kazini Namba 1 ya 2005 na Sheria ya Ajira Namba 11 ya 2005. Chini ya utaratibu huo kipo kitengo cha kushughulikia migogoro ya kazi, ambako pande mbili husuluhishwa kwanza na kuamuliwa baadaye, na ipo Mahakama ya Kazi iliyo sehemu ya Mahakama Kuu ya Zanzibar.

Kwa ndugu zetu wa Visiwani wanaofanya kazi Bara, ipo Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini Namba 6 ya 2004, na ipo Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Sheria hiyo inatamka kwamba tuzo ya mwamuzi inazifunga pande zote mbili, na kwamba inaweza kutekelezwa katika Mahakama ya Kazi kama kwamba ni amri iliyotolewa na mahakama yenyewe. Anayetaka kuipinga kwa kawaida ana wiki 6, tangu alipokabidhiwa tuzo, za kupeleka maombi yake Mahakama ya Kazi. Na yafahamike vyema: kupeleka maombi peke yake hakusimamishi malipo. Kinachosimamisha ni amri ya mahakama iliyoombwa na kutolewa. Waajiri wengi huwaambia wafanyakazi, "Tumekata rufaa, rudini nyumbani," na wafanyakazi hurudi, bila ya mtu kuuliza iko wapi hati ya kusimamisha.

Sheria basi si haba. Upungufu uko baina ya siku ya hukumu na siku ya malipo.

MFANO WA HOTELI

Tuchukue mfano wa kubuni, usiomlenga mtu, bali unaofanana na habari za wengi. Wafanyakazi 12 wa hoteli ya pwani ya mashariki hawakulipwa kwa miezi 6. Kila mmoja alikuwa na mshahara wa shilingi 350,000 kwa mwezi. Deni la kila mmoja ni shilingi 2,100,000, na deni la wote ni shilingi 25,200,000. Kwa mwenye hoteli pengine hizo ni fedha za kupaka rangi majengo kabla ya msimu. Kwa mpishi, mlinzi na mtandika vitanda, ni chakula kilichokopwa dukani, ni paa lililoachwa likivuja, ni sare na madaftari ya watoto wa skuli.

Kesi ikachukua mwaka na nusu. Hukumu ikatoka kwa upande wa wafanyakazi. Siku ya pili mwajiri hakuleta fedha, wala siku ya thelathini. Wafanyakazi wakakaa wakingoja mahakama imkamate. Mahakama haikumkamata mtu, kwa sababu hapana aliyeiomba ifanye hivyo.

Hapa ndipo wengi wanapopotea. Katika mambo ya jinai, polisi na mahakama hufuatana wenyewe. Katika madai sivyo. Mahakama ikishatoa hukumu hukaa ikimngoja mshindi arudi, aseme kwamba hajalipwa, na aeleze anataka itumiwe njia gani. Asiporudi, faili hufungwa na kupelekwa kabatini, na mwajiri hulala usingizi mnono. Huku si kuvunja sheria. Ndivyo sheria yenyewe ilivyo. Ndiyo maana tunasema mfanyakazi aijue.

NJIA ZA KUKAZIA HUKUMU

Kanuni za madai za Zanzibar, zilizomo katika Sura ya 8 ya sheria zetu, zina shina moja na zile za Bara: zote zilifuata Sheria ya Mwenendo wa Madai ya India ya 1908. Katika ukoo huo wa sheria, hatua ya kwanza ni mshindi kuchukua nakala zilizothibitishwa za hukumu na za amri ya mahakama. Hatua ya pili ni kupeleka maombi ya kukazia hukumu. Maombi hayo hutaja nambari ya kesi, majina ya wadai na wadaiwa, tarehe ya amri, kama pana rufaa au hapana, kiasi kilichokwisha kulipwa, kiasi kilichobaki, na njia ambayo mahakama inaombwa kuitumia. Jambo la mwisho ndilo zito kuliko yote.

Njia iliyozoeleka ni kukamata mali na kuiuza kwa mnada kwa mkono wa dalali wa mahakama. Lakini mali gani? Katika Visiwa vyetu ardhi yote ni mali ya umma, na mwekezaji huikodi tu. Magari huenda yakawa ya kampuni nyengine, na majokofu huenda yakawa bado yanadaiwa na aliyeyauza. Dalali akifika getini huonyeshwa viti vya ukindu na mashuka yaliyochakaa. Sheria nayo, kwa ubinadamu wake, hairuhusu kukamata nguo za mtu za kuvaa, vyombo vyake vya kupikia, malazi yake na zana za fundi anazopatia riziki. Kwa hivyo mfanyakazi anayeandika tu "mali yoyote ya mdaiwa" katika maombi yake, mara nyingi hurudi mikono mitupu.

Utajiri wa hoteli hauko katika viti. Uko benki, na uko kwa wakala wa safari ambaye ameshapokea fedha za wageni na hajazifikisha hotelini. Ipo njia ya kukamata deni ambalo mtu wa tatu anadaiwa na mwajiri: mahakama humwamuru benki au wakala asimlipe mdaiwa, bali fedha hizo zielekezwe katika deni la hukumu. Nani anayejua hoteli inatumia benki ipi na inaletewa wageni na mawakala gani? Ni wafanyakazi wenyewe. Karani wa mapokezi aliyeshika daftari la wageni miaka 3 ana habari ambazo wakili wa mjini hawezi kuzipata. Tunawashauri wafanyakazi wazikusanye habari hizo mapema, kwa njia halali, wala wasingoje hukumu ndipo waanze kukumbuka.

Na kama habari hizo hazipo, ipo njia nyengine ambayo haitumiki ipasavyo. Mshindi anaweza kuiomba mahakama imwite mdaiwa, au ofisa wa kampuni inayodaiwa, aulizwe kwa kiapo ana mali gani, na nani anadaiwa naye. Mtu anayemwambia mpishi kwamba kampuni haina kitu, atafikiri mara mbili kabla ya kuyasema maneno hayo hayo mbele ya jaji, akiwa ameshika kitabu kitakatifu.

Mwisho iko jela ya madai. Watu huitaja sana, na wachache wanaijua. Mahakama humwita kwanza mdaiwa aeleze kwa nini asifungwe, na asiye na uwezo wa kweli hawekwi ndani kwa umaskini wake. Aidha, katika ukoo huu wa sheria anayeomba mdaiwa afungwe ndiye anayelipa posho ya kumlisha gerezani. Fikirini hali hiyo: mpishi ambaye hakulipwa miezi 6 atoe fedha za kumlisha tajiri wake aliyemdhulumu. Hata hivyo tusiidharau njia hii, kwani mdaiwa akitoka gerezani deni lake halijafutika, na mara nyingi barua ya kuitwa tu hutosha kulifungua kabati la fedha.

Jambo moja zaidi. Mwajiri akija nyumbani usiku na bahasha ya malipo ya awali, mfanyakazi asikatae kilicho chake, lakini asitie saini karatasi inayosema kwamba amelipwa chote. Malipo yafanywayo nje ya mahakama yaandikishwe mahakamani, na mapatano ya kulipa kwa mafungu nayo yaandikwe huko huko, yakitaja tarehe na kiasi cha kila fungu. Kwa kufanya hivyo mfanyakazi hujilinda, na mwajiri mwaminifu naye hujilinda asije akadaiwa mara mbili. Kukopa harusi, kulipa matanga. Ndiyo maana ya kuandikiana.

KAMPUNI INAYOBADILI JINA

Iko hila moja ambayo maofisa wetu wanapaswa kuitazama kwa macho mawili. Hukumu hutolewa dhidi ya kampuni fulani. Baada ya miezi michache kibao cha hotelini hubadilishwa. Bustani ni ile ile, bwawa la kuogelea ni lile lile, meneja ni yule yule, lakini kampuni ni nyengine, na dalali akifika huambiwa kwamba mdaiwa hayupo tena hapo.

Msingi wa hila hiyo ni kanuni halali. Mwaka 1896, katika shauri la Salomon, mahakama ya juu kabisa ya Uingereza ilithibitisha kwamba kampuni ni mtu kamili katika sheria, mbali na wale wanaoimiliki, na kanuni hiyo imefuatwa katika nchi nyingi zilizorithi sheria za Kiingereza, na yetu ikiwamo. Bila ya kanuni hiyo biashara kubwa zisingethubutu kuanzishwa. Lakini mahakama hizo hizo zimekubali tangu zamani kwamba pale kampuni inapotumiwa kuwa pazia la udanganyifu, pazia hilo linaweza kufunuliwa na walio nyuma yake wakaonekana. Mfanyakazi anayekutana na kibao kipya asikate tamaa. Na aende ofisi ya usajili wa makampuni, aangalie wakurugenzi wa kampuni ya kwanza na wa pili ni nani, tarehe ya usajili ni ipi, na mali ilihamishwa lini. Kampuni ikizaliwa wiki mbili baada ya hukumu, na wakurugenzi ni wale wale, tarehe hizo ni ushahidi.

Hatusemi kwamba kila mwajiri asiyelipa ni mwovu. Mwaka 2019 Zanzibar ilipokea wageni zaidi ya 500,000. Mwaka 2020, maradhi ya korona yalipofunga viwanja vya ndege duniani, idadi hiyo ilianguka kwa takriban nusu. Hoteli nyingi zilifunga milango, na wenye hoteli wa kweli waliumia pamoja na watu wao. Mwajiri wa aina hiyo afike mahakamani, aonyeshe vitabu vyake, aombe kulipa kwa mafungu. Sheria inampa nafasi hiyo. Tofauti ya asiyeweza na asiyetaka ni moja: asiyeweza huonyesha vitabu vyake, asiyetaka huvificha.

SERIKALI NAYO IJITAZAME

Haitakuwa haki kuwanyoshea kidole waajiri binafsi peke yao. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika mwaka 1977. Wafanyakazi wake wa bandari, reli, posta na ndege walitawanyika wakiwa na madai yao. Mapatano ya kugawana mali na madeni ya Jumuiya hiyo yalitiwa saini mwaka 1984. Huku Tanzania wazee hao waliendelea kudai hata wakafungua kesi mwaka 2003, na mwaka 2005 yakafikiwa makubaliano ya malipo. Hata baada ya makubaliano hayo, ubishi juu ya nani amelipwa na kiasi gani uliendelea miaka mingi. Wapo waliokwisha kufariki, na warithi wao wakabaki kuzunguka na vyeti vya kazi vilivyopauka.

Tunaukumbusha mfano huo kwa sababu mali ya Serikali haikamatwi na dalali wala haipigwi mnada kama ya mtu binafsi. Msingi wake unafahamika: hapana anayetaka kuona vitanda vya hospitali vikiuzwa kwa ajili ya deni. Lakini kinga hiyo inaongeza wajibu, haiupunguzi. Asiyeweza kulazimishwa ndiye anayepaswa kulipa mwanzo, ili anapowaamuru wengine walipe, neno lake lisikike.

TUNACHOPENDEKEZA

Kwanza, kila hukumu au tuzo ya mshahara itolewe pamoja na karatasi moja ya maelezo, kwa Kiswahili chepesi, inayomwambia mshindi afanye nini asipolipwa, aende ofisi gani, achukue fomu gani. Gharama yake ni ndogo, na faida yake ni kubwa kwa mtu wa Makunduchi au Makangale ambaye hana wakili.

Pili, ofisi za kazi zisihesabu mgogoro kuwa umekwisha siku unapoamuliwa. Uhesabiwe kuwa umekwisha siku unapolipwa. Ripoti ya mwaka ioneshe safu mbili, fedha zilizoamriwa na fedha zilizolipwa, na Wawakilishi waulize kuhusu tofauti iliyoko baina yake.

Tatu, mamlaka zinazotoa leseni za hoteli, vibali vya kazi vya wageni na misamaha ya uwekezaji ziulize swali moja kabla ya kutia muhuri: je, mwombaji anadaiwa mishahara kwa hukumu ambayo haikusimamishwa? Mwajiri anayedaiwa aonyeshe risiti, au mapatano yaliyoandikishwa mahakamani, ndipo apite.

Nne, mahakama zinapoombwa kusimamisha utekelezaji wakati rufaa ikisubiri, zisisite kumtaka mwajiri aweke dhamana ya fedha, kama kanuni zinavyoruhusu. Rufaa ni haki. Isigeuzwe kuwa njia ya kupata muda wa kuhamisha mali.

Tano, kinga ni bora kuliko tiba. Umoja wa Falme za Kiarabu, ambako ndugu zetu wengi wamekwenda kutafuta riziki, ulianzisha mwaka 2009 utaratibu wa mishahara ya makampuni binafsi kupitia benki, chini ya macho ya wizara ya kazi, ili ucheleweshaji ujulikane mapema. Kwetu pia hoteli kubwa zinaweza kuanza na utaratibu wa namna hiyo. Mwezi mmoja usiolipwa ukijulikana ndani ya mwezi huo, hautafika sita.

Sita, pale kampuni inapofilisika kweli, ikumbukwe kwamba Mkataba Namba 95 wa Shirika la Kazi Duniani, wa mwaka 1949, unataka mfanyakazi ahesabiwe miongoni mwa wadai wa kutangulizwa. Mfilisi asiwaweke wapishi na walinzi nyuma ya wauza rangi na wakodisha majenereta.

Kwa wafanyakazi tunalo neno moja la kumalizia. Chukueni nakala za hukumu zenu mapema. Nendeni pamoja, si mmoja mmoja, kwani nauli ya watu 12 kumtuma mwenzao mmoja ni nyepesi kuliko kila mtu kwenda peke yake. Wakumbusheni warithi wa mwenzenu aliyefariki kwamba deni lake halikuzikwa pamoja naye. Wala msione haya kurudi mahakamani mara ya pili na ya tatu. Mnadai jasho lenu, hamwombi sadaka.

Na kwa waajiri: dawa ya deni ni kulipa. Hukumu iliyokwisha kusomwa haichakai kwa kufichwa, na kila mwezi unaopita unaweza kuiongezea gharama. Visiwa vyetu vinajivunia ukarimu kwa wageni. Ukarimu huo uanze kwa yule anayempikia mgeni chakula.